Kikombe cha Msumari wa Tano

Ukipandisha Ntobeye kwa barabara ya Murusagamba, kabla hujafika ofisi ya kijiji utaliona duka la ushirika, ambalo mwaka huo wa themanini lilikuwa na kila kitu cha duka isipokuwa bidhaa: mlango, rafu, daftari na kufuli mbili. Mbele yake kuna benchi la mkaratusi, na nyuma ya benchi, ukutani, misumari mitano. Kila msumari una kikombe cha bati, na kila kikombe kina mwenyewe. Sheria ya kijiwe ni moja tu: kikombe hakichukuliwi kwa niaba. Hushushwa na mkono wa mwenyewe, awe na mafua, awe amefiwa, awe amenuna. Msumari wa tano ni wa kaka yangu Pancras. Alikitundika kikombe chake asubuhi ile ya Desemba sabini na nane lori lilipokuja kuchukua mgambo, akasema, “Asikiguse mtu.” Hakuna aliyekigusa. Vita vimekwisha, kaka amerudi, na kikombe kimeota utando wa buibui.

Kaka mwenyewe alikuwa ng’ambo ya barabara, hatua arobaini, amekaa kwenye kigoda mlangoni kwetu. Sisi tulikuwa benchini tunamjadili.

— Soma tena swali la nne, — nilimwambia Mzee Bernardo.

Mzee Bernardo ndiye katibu wa kijiji. Kijiweni tunamwita Muhuri, kwa sababu hutembea na muhuri wa ofisi mfukoni, hata harusini. Alikuwa ameweka fomu ya wilaya juu ya goti.

— Shikamoo kwanza, Mlimani.

Jina hilo walinipa tangu nilipokwenda Chuo Kikuu. Likizo zote hawaliachi.

— Nimekuamkia mara mbili, mzee. Shikamoo.

— Marahaba. Swali la nne. “Je, mgonjwa amerejea katika mazoea yake ya zamani?” Ndiyo au Hapana. Kesho anakuja muuguzi wa wilaya kukagua huduma ya wagonjwa wa akili. Mimi natia Ndiyo, napiga muhuri, anaondoka na amani.

— Ndiyo ya nini? Kaka yangu amerejea katika mazoea gani?

— Debe tupu haliachi kuvuma, — alisema Muhuri. — Huyu havumi huu mwezi wa sita. Maana yake debe limejaa. Amepona.

— Mzee, methali hiyo haikutungwa kupimia kichwa cha mtu!

— Methali hupimia chochote. Ndiyo maana haina namba.

Nisiwapunje. Walikuwa na sababu ya kupenda ukimya. Kaka aliporudi kutoka vitani alichimba mahandaki katika migomba ya kila nyumba, akawalaza watoto humo kifudifudi, akawafunika majani na kuwaambia wasikohoe. Watoto walipenda. Wazazi hawakupenda. Siku ya tatu wakamfunga kamba za katani, na lori la mazao likampeleka hospitali ya mbali ambako mama hakuruhusiwa kufika. Miezi mitatu. Akarudi na kadi ya sindano ya kila mwezi, alama za kamba mikononi, na adabu ya kutisha. Ukimwambia kula, anakula. Ukimwambia lala, analala saa sita mchana jua likiwaka.

— Wewe unataka Hapana? — aliuliza Nyanda. — Sema. Hapana maana yake lori. Arudishwe kule kule.

— Sitaki Hapana.

— Hutaki Ndiyo, hutaki Hapana. Huko chuoni mnafundishwa kusimama katikati ya barabara?

Nyanda aliingia na ng’ombe wake kupitia Biharamulo, akaoa hapa, akabaki. Anaitwa Redio, kwa kuwa hubeba redio ambayo betri zake zilikufa siku chache baada ya vita kuanza. Hata hivyo huiweka sikioni na kutupa habari.

— Nataka waandike ukweli, — nilisema. — Kwamba hasumbui mtu, na kwamba hayupo. Kwamba sindano ipimwe upya. Hiyo fomu inauliza kama *sisi* tumestarehe! Anapiga kelele? Anatoroka? Anatii? Ng’ombe wa Nyanda wangefaulu mtihani huo wote.

— Ng’ombe wangu wasiingizwe.

— Andika pembeni, mzee. Mistari miwili.

— Fomu haina pembeni.

— Basi nyuma.

Muhuri aliigeuza fomu, akautazama ule upande wake mweupe kama mtu anayechungulia chumba cha mkwewe, akaifunika upesi.

— Nyuma ya fomu ni mali ya serikali.

— Nina hoja tatu…

— Mtoto wa Clotilda ana hoja tatu, — alidakia Petronila muuza kahawa, akiniita kwa jina la mama, kutoka jikoni kwake, mafiga matatu pembeni ya benchi, — na mimi nina birika moja. Semeni mmalize. Nzuri yote imekwenda Ulaya, hii ni kahawa iliyokataliwa mnadani, na sukari mnaijua habari yake.

Habari ya sukari tuliijua: haikuwepo. Tulikunywa kahawa chungu, tukitafuna ndizi mbivu kudanganya ulimi.

— Tatizo si sindano, — alisema Redio, akiipigapiga redio yake tumboni. — Tatizo ni tangazo. Askari hurudi kwa amri. Mwili wa Pancras ulipewa amri, ukapanda lori. Akili yake ilikuwa imetumwa mbele kupeleleza. Nani aliitangazia kwamba vita vimekwisha? Hakuna! Betri zilikwisha nchi nzima. Sasa hivi akili ya Pancras iko Uganda, imejificha nyuma ya mti, inasubiri.

— Kwa hiyo?

— Kwa hiyo wizara iiandikie barua ya kuruhusiwa kurudi. Kwa jina lake. Muhuri apige muhuri.

— Muhuri wangu hauvuki mpaka, — alisema Muhuri.

— Uongo wote! — Huyo alikuwa Methusela, fundi baiskeli, ambaye l na r kwake ni ndugu mapacha. — Kichwa ni baisikeri. Mtu akiteremka mrima bira breki anapiga kerere, anagonga watu. Ndio Pancras wa zamani. Wakamfunga breki. Vizuri. Rakini wameikaza mpaka gurudumu harizunguki! Baisikeri hiyo haigongi mtu, kweri. Na Murusagamba haifiki.

Nilitaka kumkumbatia. Miezi yote nilikuwa nimetafuta maneno hayo katika vitabu vinene.

— Umesikia, Mzee Bernardo? Legezeni breki! Ndiyo hoja yangu ya pili.

— Sijamariza, — alisema Methusela. — Razima tumpandishe kirima cha Kirushya, tumkarishe kwenye baisikeri yangu kubwa, tumwachirie.

— Methusela!

— Dawa ya moto ni moto, — alikubali Redio, macho yakimng’aa. — Na tuwe tumepanga watu pande zote mbili wapige madebe, kama mizinga. Vita vilimtia, vita vimtoe.

— Akifa je?

— Akifa hatakuwa mgonjwa, — alisema Muhuri, — na swali la nne litajibika.

Petronila alicheka, kisha akatazama ng’ambo ya barabara, akaacha.

— Mnamkumbuka lakini? — alisema taratibu. — Alivyokuwa anaweka sukari vijiko vitatu, halafu ananiuliza. “Mama Petronila, kwa nini moshi unamfuata aliyevaa shati jeupe?” Namwambia sijui. “Kwa nini hujui?”

Ndiyo maana kijiwe kilimwita Kwanini. Alipokuwa mdogo alimfukuza katekista kwa maswali. Operesheni ya kuhamia vijijini ilipokuja, watu wote wanabeba mapaa ya nyumba zao vichwani, yeye alisimama mbele ya bwana wa wilaya akauliza kwa nini mlima hauhamishwi ukaja tulipo, na bwana wa wilaya akacheka mpaka akavua miwani. Tangu sindano ya kwanza, hajauliza hata saa.

Mama hunitilia maji ya kuoga jioni, halafu hukaa kizingitini anamtazama kaka. Juzi aliniambia, “Mwanangu, nimemkumbuka kaka yako. Na yupo.”

Hilo sikuwaambia kijiweni. Si hoja.

— Kama anatukumbuka, — alisema Redio, — kikombe chake kipo. Njia iko wazi. Mbona haji kukishusha?

— Mtu asihimizwe, — alisema Muhuri. — Sheria ni sheria. Tumemtunzia heshima yake pale juu. Siku akitaka…

— Siku gani? — nilipaza sauti. — Mmekaa hapa kila asubuhi tangu mwaka jana…

— Tumekaa. Na wewe likizo zote umekaa. Basi. Ndiyo.

Akatia alama. Akatoa muhuri, akaupulizia pumzi kama mtu anayefuta miwani, akaugonga. Nilisikia mlio wake kwenye meno yangu.

Wino haujakauka, tukaona mwanamke anasukuma baiskeli mlimani, mkoba mweusi umefungwa nyuma, soksi nyeupe zimekuwa nyekundu kwa vumbi.

— Hodi hapo! Nimeambiwa katibu yupo hapa. Mimi naitwa Ernesta, muuguzi kutoka wilayani. Kesho gari halina mafuta, nikaona nije leo kwa miguu ya chuma.

— Mgeni njoo, mwenyeji apone! — Muhuri alisimama, mikono miwili. — Na amepona kweli! Karibu, ndugu muuguzi. Fomu iko tayari.

Methusela alimpisha benchini na macho yake yakaenda moja kwa moja kwenye mnyororo wa baiskeli. Muuguzi alisoma fomu, akitikisa kichwa kwa kuridhika.

— Hana ghasia. Anakula. Anatii. Amerejea katika mazoea yake ya zamani, ndiyo. Hongereni. Ngara nzima sijaona fomu safi hivi. Nikisaini hapa, ataendelea na sindano hiyo hiyo, na tutamtazama tena mwakani.

Mwakani. Nilifungua mdomo. Nilikuwa na hoja tatu, zimepangwa. Nilitazama soksi zake, nikatazama muhuri ule wa zambarau, nikainamia kikombe changu.

— Naomba kahawa kwanza, — alisema. — Huu mlima umenimaliza.

— Birika limebakiza nusu kikombe, — alisema Petronila. — Lakini bilauri ya wageni ilivunjika.

— Si kipo kikombe hapa? — Muuguzi alinyoosha mkono nyuma ya kichwa chake, kwenye msumari wa tano. — Kina vumbi tu.

— Hicho hapana!

Tulisema wote, kwa sauti moja, hata Methusela na r zake. Muuguzi akauvuta mkono wake kama aliyegusa kaa la moto.

— Samahani. Kwani ni cha nani?

Swali dogo. Mtoto wa darasa la kwanza angelijibu. Redio aliinamia redio yake. Methusela aligundua nati mfukoni mwake. Muhuri aliitazama fomu iliyokuwa mkononi mwa muuguzi, ule mstari wa nne, na nikamwona anajaribu kutafuta methali, midomo ikicheza, na methali haiji. Akisema cha nani, ameufuta muhuri wake. Akisema si cha mtu, amemzika Pancras.

Muuguzi alitutazama mmoja mmoja. Kisha akafuata macho yetu, ambayo yalikuwa yamekimbilia sehemu moja: ng’ambo ya barabara, kwenye kigoda. Akafunika kalamu yake.

Ndipo nilipoona aibu, na si kwa ajili yao. Kila asubuhi nilitoka kwa mlango ule, nikampita kaka yangu magotini kwake, nikavuka hatua arobaini kuja kumtetea. Nilikuwa nimemtetea kwa mzee, kwa fundi, kwa redio iliyokufa. Yeye sikuwa nimemwambia hata karibu.

Nikasimama, nikakishusha kikombe.

— Hakichukuliwi kwa niaba, — alinong’ona Redio.

— Nimechukua.

Petronila alikipokea. Alikifuta utando kwa pindo la khanga yake, mara mbili, ndani na nje. Akainamisha birika mpaka likalia. Ilikuwa nusu, na machicha mengi.

Nikavuka barabara. Mama alikuwa mlangoni na ungo wa maharage, akaacha kupepeta. Kaka alikitazama kikombe kabla ya kunitazama mimi. Pembeni kuna herufi P aliyoikwaruza kwa msumari, na alipitisha kidole gumba juu yake polepole, kama mtu anayesoma gizani. Akakipokea kwa mikono miwili. Akanywa.

Akakunja uso. Sikuwa nimeuona uso ule ukikunjwa tangu Januari. Alitazama ndani ya kikombe kwa muda mrefu, akatazama benchi, akawatazama wote wale, na sauti yake ilipotoka ilikuwa na kutu, lakini ilifika mpaka dukani.

— Kwa nini haina sukari?

Ng’ambo nilimsikia Petronila anaanza kulia. Muuguzi alikuwa ameifungua kalamu yake tena, ameigeuza fomu upande ule ulio mali ya serikali, anaandika, na Muhuri hakumzuia. Muhuri alikuwa amesimama, mdomo wazi. Redio alikuwa amesimama. Methusela pia. Kijiwe kizima, ambacho hakijawahi kukosa jibu la jambo lolote tangu wakoloni waondoke, kilisimama kinatafuta sukari imekwenda wapi.

Na kaka yangu hakurudisha macho chini. Alikuwa bado ameshika kikombe chake, anawatazama, anasubiri kujibiwa.