Jangwa la Maurine

Barabara ya Garsen ilikuwa imemezwa na maji, kwa hiyo tulivushwa kwa boti. Mbele yangu bwana mmoja mfugaji alimwonyesha mama aliyekaa naye picha kwenye simu, ya mwanamitindo anayepamba majarida ya Paris na Milan. "Wanasema huyu ni wa huku Tana River."

"Ni wa kijijini kwetu Hewani! Maurine, mtoto wa kaka yangu," mama alisema, akaipokea simu. Fahari yake ilidumu mpaka alipoyafikia maneno ya chini ya picha. "'Nilizaliwa jangwani, nikakuzwa kwa maziwa ya ngamia.' Jangwani? Huyu amekulia kwenye mpunga, matope mpaka magotini! Ngamia alimwona wapi?"

"Hata mimi nimekasirika, mama. Mtazame, anakamua ngamia amekaa kwenye kigoda! Ngamia hukamuliwa umesimama kwa mguu mmoja, bakuli juu ya paja. Mnatuchekesha sisi wafugaji."

"Sisi ndio tunawachekesha? Wazungu ndio waliomkalisha hapo!"

"Kigoda ni cha Wazungu, sawa. Maneno je? Huu ni ukurasa wake mwenyewe."

Mama akamrudishia simu. Mimi nikayatazama maji. Hasira mbili zilitosha kwa boti ndogo kama ile.

Boti ikagota ardhi. Mama akapandisha leso, akashuka, maji yakamfika magotini.

"Nipige picha," akamwamuru yule bwana. "Mwekee huko huko kwenye ukurasa wake. Mwambie shangazi yake anavuka jangwa."