Mama Sanduku, Kama Anavyosomwa na Mkwe Wake

Ndugu, jamaa, majirani na wasanii wote mliofika kumsindikiza mama yetu, naomba mniazime masikio, na mlioko nyuma kabisa msiponisikia pungeni mkono, maana marehemu hakuwahi kumsamehe mtu anayemeza maneno.

Marehemu, ambaye wengi mlimjua kwa jina la Mama Sanduku, alizaliwa tarehe 9 Machi 1951, mtoto wa tatu wa fundi cherehani na mkunga, akasoma shule ya msingi iliyo nyuma ya kituo cha reli kuanzia 1958 hadi 1965, ambako aliadhibiwa mara nyingi kwa kuigiza mwendo wa mwalimu mkuu, ingawa tunaambiwa mwalimu mkuu mwenyewe ndiye aliyecheka kuliko wote.

Baada ya sekondari aliajiriwa Januari 1970 kama mpiga chapa katika kiwanda cha sabuni, na mwaka 1973 akaanza kwenda jioni kwenye jumba la maigizo, kazi yake ikiwa kukaa nyuma ya pazia na daftari kuwakumbusha waigizaji maneno, hadi mwigizaji wa bibi kizee alipopatwa na homa, marehemu akajifunga kitambaa kichwani, akapanda jukwaani akiwa na miaka ishirini na mbili, na tangu hapo hakuna aliyempa tena nafasi ya msichana. Hakulalamika hata kidogo, alisema wasichana huzeeka wakakosa kazi, bibi kizee yeye hana wasiwasi.

Tarehe 12 Juni 1976 alifunga ndoa na fundi wa taa wa jumba hilo, ambaye naye ametutangulia, wakajaliwa watoto wawili, wa kiume mwaka 1979, ndiye mume wangu, na wa kike mwaka 1982.

Mwaka 1998 akawa mama mkwe katika tamthilia ya televisheni, na nyote mnakumbuka alivyokuwa akilitupa nje sanduku la mkwe wake, nguo zikatapakaa uani, jamani, watu walimchukia, hata muuza mboga wa mtaani aligoma kumuuzia. Basi alipokuja kuniposa kwa ajili ya mwanawe, Februari 2004, mama yangu mzazi alikataa katakata, akasema hampeleki binti yake kinywani mwa simba huku anaona, nami, nisiwafiche, niliogopa kuliko yeye. Marehemu hakubembeleza, wala hakuwa tayari kuiacha kazi yake, alimwalika tu mama studio siku ya kurekodi. Mama akaenda amenuna, akamwona akifoka, akilitupa sanduku, na kamera zilipozimwa akamwona akipiga magoti sakafuni, akiokota nguo moja moja na kuzikunja, huku akimuuliza binti aliyeigiza mkwe kama sanduku halikumgonga mguu. Mtunza mavazi alimwambia mama kwamba hufanya hivyo kila mara, ameshachoka kumkataza. Mama alirudi nyumbani akaniambia nichague tarehe, tukafunga ndoa 20 Novemba 2004, na kwa miaka yote niliyoishi na marehemu, hakunitupia hata leso.

Figo zilianza kumsumbua Agosti 2021, akawa anakwenda hospitali mara mbili kwa wiki, akiwaigiza madaktari wakishageuka, hadi hali ilipobadilika tarehe 10 Mei 2024, akafariki Jumanne tarehe 14, saa nne na dakika ishirini asubuhi, akiwa na miaka sabini na mitatu, mkono wake mkononi mwangu.

Familia inawashukuru madaktari na wauguzi waliomvumilia, majirani mlioleta viti bila kuombwa, na wasanii wenzake, hasa yule binti wa tamthilia, ambaye sasa ni mtu mzima na amekaa hapa mbele akilia kuliko sisi.

Mama, asubuhi ya leo nimepiga magoti chumbani kwako, nimezikunja nguo zako zote, moja moja, nimezipanga ndani ya sanduku lile lile la tamthilia, ulilopewa na wenzako ulipostaafu mwaka 2011, na halitoki nje ya nyumba yetu. Pumzika kwa amani, mama mkwe wangu, mama yangu.