Antonia, Mgongoni mwa Salome

Mama yetu Antonia Mchopa alizaliwa Mingoyo tarehe 13 Juni 1950, sikukuu ya Mtakatifu Antoni, ndipo lilipotoka jina lake. Mama yake, Salome, alifariki Antonia akiwa na miaka mitatu, bila kuacha hata picha moja. Akalelewa na bibi yake, akilala kitanda kimoja na mama yake mdogo, Cecilia.

Alisoma shule ya misheni hadi mwaka 1966, kisha akajifunza cherehani mjini Lindi. Kwa zaidi ya miaka arobaini alishona sare za wanafunzi barazani. Mtoto akiletwa kupimwa, marehemu alimtazama mama kwanza. "Urefu atautoa kwa huyu," alisema, akaongeza pindo.

Tarehe 24 Julai 1971 alifunga ndoa na Klementi, mteja aliyerudi mara kwa mara kupunguza suruali ile ile, hata ikawa kaptula.

Mwaka 2022 binti yake Consolata alipata mtandaoni filamu ya mitaa ya Lindi, iliyopigwa miaka michache baada ya Vita vya Pili vya Dunia. Haina sauti. Zinapita baiskeli, wachuuzi wa mihogo, kisha mwanamke mwenye kapu kichwani na mtoto mgongoni, akienda zake, ameipa kamera kisogo.

Bibi Cecilia, yule mama yake mdogo, alipoonyeshwa alipiga kelele: "Dada Salome huyo! Mguu wa kushoto anaukokota. Na hicho kichwa kama dafu ni chako, Antonia!"

Tangu hapo marehemu alitaka jambo moja tu: kuuona uso wa mama yake. Lakini mwanamke yule akianza tu kugeuza shingo, filamu hukatika. "Geuka, mama," alimbembeleza kila jioni baada ya sala.

Mtani wake Bashiru alimcheka: "Weye, hageuki huyo! Anajua utalilia kitumbua."

Mwishoni mwa mwaka 2024 figo zilianza kumsumbua, akalazwa. Asubuhi ya Jumapili, tarehe 9 Machi 2025, Consolata alimshikia simu atazame. Filamu ilipokatika, hakuomba irudiwe.

"Iweke chini simu, mwanangu," alisema. "Huku nyuma nimeshamfuata sana. Sasa namwendea kwa mbele."

Alifariki kabla ya kengele ya misa ya pili.

Amemwacha mumewe Klementi, watoto wake Consolata, Ignatius na Tomaso, wajukuu, na Bibi Cecilia, ambaye hata jana, akimwosha, alimwita kichwa cha dafu.

Apumzike kwa amani, uso kwa uso.