Xavery Ntamuti, Aliyepiga Filamu Bila Kumwambia Mtu Ageuke

Ndugu waombolezaji, Tumsifu Yesu Kristo. Mimi ni Adelfina, dada wa marehemu, nimepewa kusoma kwa kuwa wazee wanasema sitalia, tutaona.

Kaka yetu Xavery alizaliwa tarehe 3 Desemba 1941 hapa Keza, mtoto wa kwanza wa Mzee Celestini na Mama Auleria, akasoma shule ya misheni Kanazi hadi darasa la nane, na mwaka 1964 akaajiriwa Dar es Salaam katika ofisi ya filamu, kwanza kubeba betri, kisha kupiga mwenyewe. Tarehe 9 Septemba 1967 alifunga ndoa na Deodata wa Nemba, Biharamulo, wakajaliwa watoto watano.

Filamu zake hazikuwa na msemaji, wala hakumwomba mtu arudie jambo. Sisi tukiona kamera tunasimama wima kama tuko studio, kwa hiyo alikuwa akizungusha kamera tupu mpaka tumchoke, turudi kwenye majembe, ndipo aweke mkanda. Mwaka 1974, tulipohamishiwa kijiji cha ujamaa, mkubwa mmoja alitaka akina mama washuke tena kwenye lori wakicheka, Xavery akazima kamera akaketi, cheo kikachelewa, wala hakujuta.

Januari 1979 mdogo wetu Gozbert alikwenda vitani na mgambo wa hapa, akafia Uganda mwezi Aprili, wala hatukuwa na picha yake, ila Xavery alikuwa amempiga filamu mwaka uliotangulia akiezeka ghala la kijiji. Alipotuonyesha, tukamwona Gozbert juu ya paa akigongomea mabati, mgongo tu, mwanzo hadi mwisho. Mama akauliza mbele ya watu, “Wewe kaka mtu, ulishindwa kumwita ageuke?” Tangu hapo shikamoo ya Xavery haikupata marahaba ya mama, jambo lililomuuma sana.

Novemba 1983 figo zilianza kumsumbua, akarudi nyumbani, na Mei mwaka huu mama mwenyewe alitaka filamu ile ionyeshwe ukutani kwake. Akaitazama yote, akasema kwamba angeitwa, Gozbert angeshuka kuuliza kuna nini, na kazi ingelala, kisha akamvutia Xavery kiti karibu yake. Xavery akamwamkia, akaitikiwa. Alifariki tarehe 17 Juni 1984 hospitalini Biharamulo, mama akiwa amemshika mkono.

Tunawashukuru madaktari na wauguzi, majirani waliochimba kaburi na kuleta ndizi, na wafanyakazi wenzake waliotuletea gari la sinema kutoka Mwanza. Xavery hayumo katika filamu zake hata moja, lakini mama ameniagiza niwaambie kwamba ile ya ghala ina wanawe wa kiume wote wawili, mmoja yuko juu ya paa, mwingine anamtazama.

Kaka, umefanya kazi yako, pumzika kwa amani.