Sinema za Jumamosi za Mzee Ruphin Asukulu

Mzee Ruphin Asukulu aliinua kofia kwenye kila mlango alioingia, hata wa choo. Kofia ilipopotea, aliendelea kuinua mkono mtupu.

Alizaliwa Baraka, Fizi, mashariki mwa Kongo, tarehe 14 Machi 1949. Alisoma kwa mapadri, Uvira. Huko ndiko alikoona sinema zisizo na sauti, akapewa kazi ya kusimama kando ya shuka jeupe na kuwasemea waliomo.

Mwaka 1976 alimwoa Godelieve. Vita viliwaleta Johannesburg mwaka 1998. Alishona suti hapa Yeoville, na kila Jumamosi alasiri alionyesha sinema zake katika ukumbi wa kanisa, akiwasemea waliomo kwa Kiswahili. Alizozipenda zaidi ni zile za mtu kudhaniwa mwingine: maskini amevaa koti la tajiri, polisi wanampigia saluti, anakaribishwa mezani. Watoto walishindwa kuvumilia. "Eish, polisi! Si yeye! Angalia nyuma!"

"Nyamazeni," Mzee aliwakemea. "Mumuache kwanza akule."

Godelieve alifariki mwaka 2011. Februari 2023 Mzee alipatwa na kiharusi, na tangu hapo kila alipomwona binti yake Victorine, alimwona mkewe. Victorine ndiye aliyemwosha, akamlisha, akamgeuza kitandani. Mwanzoni alimsahihisha: "Papa, si mimi. Mama alishakufa." Mzee akalia, na kesho yake akalia tena, kwa sababu kila alipoambiwa alifiwa upya. Victorine akachoka, akaacha. Akawa Godelieve. Alijibu habari za Baraka, akalaumiwa kwa chumvi ya mboga. Alibaki na ombi moja tu, kwamba baba yake amtambue, hata mara moja, kabla hajaondoka.

Mzee alifariki nyumbani, Bellevue, mchana wa tarehe 9 Agosti 2024. Ameacha watoto wawili, Victorine na Thierry, na mjukuu mmoja, Chloé, ambaye Kiswahili chake chote ni cha sinema zile. Mungu amlaze pema, mwili wake ulichoka.

Asubuhi ya siku hiyo Victorine alimfuta uji mdomoni, akaaga kama mama yake alivyozoea kuaga: "Papa Victo, narudi sasa hivi."

Mzee aliinua mkono polepole hadi kwenye paji la uso, mahali pa kofia.

"Umecheza muzuri, Victo," alisema. "Sasa enda upumzike."