Hilary Ormerod: Miaka Thelathini na Minne, na Wote Tukarudi Nyumbani

Baada ya miaka thelathini na minne ya kazi katika tamthilia za televisheni na filamu fupi, Bi Hilary Ormerod anastaafu rasmi Ijumaa hii, tarehe 28 Machi. Goti lake la kushoto limeshangilia habari hizi kuliko mtu yeyote, likifuatiwa na mumewe, Alan, ambaye muda wote huo ameamshwa alfajiri na simu za kazini za kuuliza kama mvua inanyesha mjini Leeds. Kwa kawaida ilikuwa inanyesha.

Hilary, binti wa muuza samaki wa Oldham, aliingia kwenye idara yetu ya tamthilia akichemshia wenzake chai, akapanda hadi msaidizi wa mwongozaji, na mwaka 1993 akakabidhiwa kuongoza tamthilia ya wauguzi ya kila Jumanne. Siku ya kwanza tu mwigizaji mkuu akashikwa na kwikwi isiyokoma. Hilary akaiingiza kwikwi kwenye hadithi. Watazamaji waliandika kuuliza kama mwenye kwikwi amepona.

Lakini sisi tutamkumbuka zaidi kwa asubuhi moja ya Novemba kwenye mchanga wa ghuba ya Morecambe, tulipokuwa tukirekodi filamu yake fupi ya kwanza, kuhusu mzee mjane anayemtafuta mbwa wake. Maji ya bahari yalikuwa yamekupwa mbali, mwanga ulikuwa mzuri ajabu, na ilibaki picha ya mwisho tu. Hilary akageuka, akaona mifereji ya mchangani nyuma yetu inajaa maji kimyakimya: bahari ilikuwa inarudi.

"Tunaondoka. Sasa hivi."

"Hilary, mpenzi, picha moja tu!" akasihi Desmond Pargeter, mtayarishaji wetu.

"Ukiitaka sana, Desmond, baki nayo uogelee."

Miguu ya kamera ilikuwa imezama kwenye tope. Akaamuru iachwe hapo hapo, pamoja na kazi ya siku nzima. Clive Garside, aliyeigiza mzee, alinasa hadi magotini, akaanza kulivuta buti lake.

"Achana na buti, Clive! Buti ni la idara ya mavazi, mguu ni wako!"

Hilary alimshika kwapa moja, mimi la pili, tukamkokota. Maji yalitufika kiunoni kabla hatujakanyaga nchi kavu. Hilary alituita mmoja mmoja kwa majina, na alipoitikiwa na wote, akakaa chini kwenye majani yenye maji. Desmond akamkumbatia, meno yakimgongana.

Filamu ikabaki bila mwisho. Hilary akautengeneza kwenye chumba cha uhariri: mzee anamwita mbwa wake, skrini inakuwa nyeusi, kisha kwa mbali kunasikika kubweka. Aliyebweka ni mimi, fundi sauti wake. Filamu ile ilipata tuzo mbili, na Clive alimtumia Hilary kadi kila Krismasi hadi alipofariki.

Juma lililopita alimaliza onyesho lake la mwisho kwenye maegesho ya magari, Bradford. "Kata. Inatosha," akasema, akashusha pumzi ndefu. Tukamwuliza anajisikiaje.

"Kama mtu aliyeshusha piano kwenye ngazi," akajibu, "na haijamwangukia mtu."

Ahsante, Hilary, kwa yote. Tunakutakia maisha marefu na matamu, bila kumwongoza mtu yeyote. Hata Alan, ukiweza.