Saa ya Kimya: Maneno ya Uzinduzi kwa Koo la Betri

Mheshimiwa Meya wa wilaya yetu. Mheshimiwa zaidi, na Meya atanisamehe, maana naye ana bustani kwetu na anajua nani mwenye amri, Mwenyekiti wa Umoja wa Bustani za Kando ya Reli, Bi. Roswitha Tenhagen, ndugu yangu Volkmar Piontek, uliyejificha nyuma ya spika kama kawaida yako, wazee wa mgodi mlioosha vumbi la makaa katika ukumbi huu, mkatundika nguo zenu kwenye minyororo hii iliyo juu ya vichwa vyetu, binti yangu Jette, majirani mliokuja na saladi ya viazi, na ninyi wapenzi wa muziki wetu mliovaa nyeusi toka viatu hadi kope, ambao baadhi yenu leo mmeliona jua la saa sita mchana kwa mara ya kwanza tangu ujana wenu, nawasalimu kwa salamu ya wachimba makaa: Glück auf!

Mmeitika vizuri. Basi kidude kinafanya kazi.

Kwa mgeni aliyeingia humu kwa kufuata harufu ya soseji, nieleze mapema: mngurumo huu si ubovu wa spika, fundi asihangaike. Ni mimi ninayeongea. Naitwa Ingolf Kaczmarek, mwimbaji wa bendi ya Haldenstrom tangu mimi na Volkmar tulipokuwa na nywele. Mwaka juzi madaktari walinitoa kikoromeo, pamoja na saratani iliyokuwa imeingia humo bila kubisha hodi. Tangu siku hiyo napumulia tundu la hapa shingoni, na nikitaka kusema neno nabana kidude hiki cha betri chini ya taya, kinatetemesha nyama, nami natengeneza maneno kwa ulimi na midomo. Mkono mmoja wa sauti, mkono mmoja wa bia. Kupiga makofi siwezi, kwa hiyo makofi ya leo ni kazi yenu.

Leo tunazindua albamu. Hayawi hayawi, yamekuwa! Ile pale mezani, karibu na mlango, santuri nyeusi ndani ya jalada la kijivu, na jina lake ni Saa ya Kimya. Najua, najua. Wapenzi wetu wa zamani waliposikia jina hilo walituma ujumbe kuuliza kama tumeokoka au tumezeeka. Nawahakikishia kwamba hatujaokoka.

Mnaujua muziki wetu. Ngoma ya mashine inayogonga kama nyundo ya karakana, vinanda vya umeme vinavyokwaruza, na juu yake sauti ya mtu iliyopitishwa kwenye mitambo mpaka asijulikane kuwa ni mtu. Hiyo ndiyo iliyokuwa fahari yangu. Nilikuwa naimba mpaka mishipa inasimama, kisha Volkmar anaichukua ile sauti, anaichana, anaikaanga, anaikunja, nami nikimpigia kelele, "Bado inasikika ya binadamu, ongeza!" Gazeti moja liliandika kwamba mwimbaji wa Haldenstrom hana koo, ana injini. Mama yangu, ambaye katika maisha yake hakuuvumilia wimbo wetu hata mmoja mpaka mwisho, aliikata habari ile akaibandika kwenye friji.

Basi nawauliza, ndugu zangu: mtu aliyetumia ujana wake wote kuitamani sauti ya mashine, siku anapopewa sauti ya mashine kweli, si angepaswa kucheka kwa furaha?

Sikucheka. Nilipoisikia mara ya kwanza, nililia. Nilikwenda dukani kuomba mkate, na yule dada wa kaunta akamjibu Jette, kana kwamba aliyeomba ni Jette. Nikaacha kuongea. Ng'ombe akivunjika guu hurejea zizini. Mimi nilirejea kwenye kibanda cha bustani niliyoachiwa na baba yangu, pale nyuma ya reli, nikakaa na vitunguu. Kitunguu hakikuulizi unajisikiaje. Nikamtumia Volkmar ujumbe: bendi imekwisha, uza vyombo.

Wahenga walisema akufaaye kwa dhiki ndiye rafiki, ila walisahau kusema kwamba rafiki huyo huja na toroli. Siku moja namwona huyo, anasukuma vinanda katikati ya matuta ya figili, jasho linamtoka.

Nikakibana kidude. "Nilikwambia uuze!"

"Nimesikia, mzee. Nimevileta vipate hewa kwanza."

"Vitoe humu."

"Sawa, sawa. Soketi iko wapi?"

Hivyo ndivyo kibanda changu kilivyogeuka studio, katikati ya majembe na magunia ya mbolea. Volkmar alinibembeleza, akanitania, akanitukania hata timu yangu ya mpira, mpaka nikakubali anirekodi. Akakipitisha kidude changu kwenye mitambo yote, vile vile alivyokuwa akilipitisha koo langu la zamani. Tukapata nyigu ndani ya kopo. Akasema basi tufanye kinyume, tukisafishe, tukipe ubinadamu kidogo. Tukampata yule bwana wa stesheni anayetangaza kwamba treni ya Dortmund imechelewa.

"Angalau wewe hujachelewa," akasema Volkmar.

Hapo uvumilivu wangu ukaisha. Nikamwambia, "Volkmar, hii si sauti. Hii ni mashine. Mashine unazo za kutosha, huna haja na mimi." Aliangalia chini, akaanza kukunja waya.

Na hapo hapo ikagonga saa saba mchana. Kila mwenye bustani hapa anaijua amri yetu ya saa ya kimya: kuanzia saa saba hadi saa tisa hakuna mashine ya kukata nyasi, hakuna keekee, hakuna redio. Kila chenye injini au umeme kinazimwa, na watu wanapumzika. Volkmar, mtu aliyewaziba watu masikio nusu ya Ulaya, akazunguka kibandani akazima swichi moja baada ya nyingine. Kelele ni kazi yetu, lakini tumelelewa. Kilichokataa kuzimika ni ugomvi. Nilikuwa bado namfokea, kidude shingoni, nikimwita mbishi asiye na masikio, mara juu ya ua wa miti kikatokeza kichwa cha Bi. Tenhagen.

"Bwana Kaczmarek! Saa saba imeshapita. Hiyo mashine izimwe."

Nikageuka. Nikakibana kidude. "Si mashine, Bi. Tenhagen. Ni mimi. Naongea."

Akakitazama kidude, akanitazama usoni, akakitazama tena kidude. Mtu mwingine angeona haya, angeomba radhi, angekimbia. Roswitha Tenhagen si mtu mwingine.

"Amri inasema kila chenye umeme."

"Ndiyo."

"Hicho kina umeme."

"Kina betri."

"Basi sijui," akasema, na nikaona kweli linamsumbua. "Hili litakwenda kikaoni."

Waheshimiwa, likaenda kikaoni! Mheshimiwa Meya alikuwapo na anaweza kunisuta nikiongopa. Jambo la kwanza: urefu wa ua. Jambo la pili: kama koo la Bwana Kaczmarek ni mashine. Jambo la tatu: mbolea. Watu wazima wenye akili zao, waliosoma, waliochimba makaa, waliolea watoto, wakakaa kwenye viti vya plastiki kulijadili koo langu, na mimi mwenyewe nimekaa mstari wa nyuma nimefunga mdomo. Jirani yangu Bwana Dombrowe akasimama. "Mimi sina ubaya naye, ni jirani mwema. Ila leo koo, kesho msumeno wa umeme!" Mtu akamrukia, "Basi mzime na moyo wa Bi. Lohkamp, nao una betri!" Naye Bi. Lohkamp, mzee wetu wa miaka tisini, akasema bila kuinua macho kwenye ufumaji wake, "Msijali. Mimi saa saba huwa nimelala hata hivyo."

Ndipo Mwenyekiti akasimama. Nayakumbuka maneno yake, na nitayakumbuka mpaka nizikwe. Alisema, "Amri inakataza mashine. Haikatazi watu kuongea. Mimi nimemsikia Bwana Kaczmarek kwa masikio yangu akimgombeza mwenzake, na ulikuwa ugomvi wa kweli, wenye hasira na wenye huzuni. Mashine haigombani. Nani anakubali kwamba ni sauti?"

Mikono ikapanda. Yote. Mpaka wa Dombrowe.

"Imepita," akasema. "Ni sauti. Sasa mbolea."

Nilitoka nje, nikaenda nyuma ya rundo la mboji, nikalia kama mtoto. Kwa nini? Daktari alikuwa ameniambia kwamba hiyo ndiyo sauti yangu mpya. Jette aliniambia kila siku. Volkmar alinikokotea studio nzima kwa toroli ili aniambie. Sikuwaamini hata mmoja, kwa sababu walinionea huruma na walinipenda, na mtu anayekupenda atakwambia lolote. Lakini Umoja wa Bustani za Kando ya Reli haumpendi mtu kikaoni. Ungeniona mashine, ungenizima bila kupepesa jicho. Uliponiambia ni sauti, nilijua ni sauti.

Kesho yake nilimwita Volkmar. Nikamwambia aje na kinasa sauti kidogo, kile cha betri kisichonguruma, na aje saa saba mchana. Akadhani nimechanganyikiwa. Tukazima kila kitu. Nikakaa kwenye ndoo iliyopinduliwa, mlango wazi, nikaimba. Sikupitishwa kwenye mtambo wowote na sikusafishwa. Nikaimba habari za baba yangu akivua nguo humu ukumbini na kuzivuta juu kwa mnyororo, na mtoto wake akishindwa kumtambua mpaka aoge. Mtaisikia kwenye santuri: kidude, midomo yangu, shomoro, treni ya mizigo kwa mbali, na kwenye ubeti wa mwisho kikohozi cha mwanamke. Huyo ni Mwenyekiti, aliyekuwa amesimama nyuma ya ua akilinda asije mtu akawasha mashine ya kukata nyasi. Volkmar aliniuliza kama akitoe kile kikohozi. Nikamwambia akithubutu, nalipeleka kikaoni.

Nilipomaliza, Volkmar alikaa na vipokea sauti masikioni, akasikiliza mara moja, akasikiliza tena. Huyu ni mtu ambaye hajapata kuiacha sauti yoyote salama. Hata kengele ya baiskeli yangu aliwahi kuipitisha kwenye mitambo. Akavua vipokea sauti, macho mekundu, akasema, "Mzee, hii siigusi."

Hiyo ndiyo sifa kubwa kuliko zote nilizowahi kupewa, na gazeti lile la injini likae hukohuko kwenye friji.

Albamu nzima tuliijenga kuuzunguka wimbo huo. Asubuhi tulipiga kelele mpaka vioo vya kibanda vikatikisika, saa saba tukanyamaza, saa tisa tukaanza upya kwa hasira zaidi, na santuri imepangwa vivyo hivyo: inagonga, inagonga, inakatika ghafla, mtu mmoja anaimba peke yake, halafu mitambo yote inarudi kama king'ora cha kubadilisha zamu. Walisema Haldenstrom imekufa? Chapa ya kwanza iliisha kuagizwa kabla haijatoka kiwandani! Redio zilizokuwa zinatukimbia sasa zinaucheza wimbo wa katikati wakati wa chakula cha mchana, na Dombrowe, yule wa leo koo kesho msumeno, amenunua santuri kwangu mwenyewe, akaniomba niisaini. Volkmar, toka nyuma ya hiyo spika watu wakuone! Mpigieni makofi, na mpige na yale yangu kwake, mkono wangu umebanwa.

Na wewe, Bi. Tenhagen. Tumekuwa majirani kupitia ua mmoja miaka nenda rudi, Bwana na Bi, Bi na Bwana. Baada ya kile kikao ulikuja na chupa ya pombe ya matunda na viglasi viwili, ukasema, "Naitwa Roswitha." Hapa kwetu kila mtu anajua uzito wa maneno hayo mawili: Bwana na Bi zimekwisha, sasa sisi ni marafiki. Sikuweza kukushukuru siku ile, betri iliisha. Nakushukuru leo mbele ya mji mzima. Asante, Roswitha.

Neno la mwisho. Meza ile ya mbele, mnaowaona wametulia na mitandio shingoni, ni wenzangu wa chama cha waliotolewa kikoromeo. Wamo humo mwalimu, dereva wa tramu, na mama mmoja aliyekuwa akiimba kwaya kanisani mpaka siku ya upasuaji, na tangu siku hiyo hajafungua mdomo ibadani. Tumefanya mazoezi pamoja kibandani kwangu, na leo kiitikio cha wimbo ule wa katikati ni chao.

Naona Roswitha anatazama saa yake. Ni kweli, ni saa saba kamili. Volkmar, zima mashine. Zima zote, na hiyo friji ya bia nayo, inanguruma. Wenzangu, vidude shingoni. Na ninyi nyote mliokuja, wenye masikio yaliyozibwa na yasiyozibwa, Mungu awabariki: asanteni kwa kuisikiliza sauti yangu.